Maswali ya Wasomaji: Moshi unaovuka nyumba mbili

SWALI: Ndugu mhariri, nimetazama Muerte de un ciclista, filamu ya Kihispania ya mwaka 1955. Wapenzi wanamgonga mwendesha baiskeli, kisha wanamwacha afe ili siri yao isifichuke. Kisa nimekielewa, ila picha zinanichanganya. Mara mwanamume yuko kwake, mara mwanamke yuko na mumewe, nami nadhani ni chumba kimoja. Je, nakala yangu imekatwa? Na mbona kwenye flamenko, ile ngoma ya Kihispania, maandishi ya tafsiri yanapotea?

JIBU: Ndugu msomaji, nakala yako ni nzima. Hapo palipokuchanganya ndipo penye ufundi wa mwongozaji, Juan Antonio Bardem.

Rudi pale Juan, yule mpenzi wa kiume, amejilaza kitandani, anavuta sigara. Anapuliza moshi, na mara moshi uko chumbani kwa mpenzi wake María José, aliko na mumewe Miguel. Kwa kawaida mhariri wa filamu angekuonyesha nyumba kwa nje kwanza, au angeififisha picha taratibu, ujue umehama. Bardem ameondoa daraja hilo makusudi. Wapenzi wako mbali, lakini hatia inawalaza chumba kimoja, na mume anatokea palepale ulipomtarajia mpenzi. Chupa anayoirusha Rafa, yule mhakiki wa sanaa anayewatisha, nayo ifuatilie: inavunja dirisha la matajiri, na kioo kilichovunjika kinatupeleka chuo kikuu, wanafunzi wakimpinga Juan, mwalimu wao, kwa kumfelisha mwenzao mtihani bila haki.

Kwa hiyo uso ukibadilika ghafla, usikimbilie kuuliza ni nani. Tazama kwanza kitu kilichovuka nao, moshi au kioo, halafu ukuta wa nyuma. Kwa Juan, anakoishi na mama yake, ni pa kawaida. Kwa María José ni anasa tupu. Ukizoea mikato miwili mitatu, yaani picha zinavyorukia nyingine ghafla, iliyobaki utaisoma mwenyewe.

Kwenye flamenko hakuna tafsiri kwa sababu hakuna maneno ya kutafsiri. Rafa anamnong'oneza Miguel, na makofi, gitaa na visigino vinameza sauti yake. Unabaki alipo María José: unaona midomo ikicheza, hujui kama siri imetoka. Usihangaike kutafuta faili jingine la tafsiri. Ongeza sauti, ukodolee macho nyuso. Kwetu sisi hapo ndipo filamu inapobana kuliko kote.

Kagua na runinga yako. Picha ya filamu hii inakaribia mraba, basi chagua 4:3 na uache pande mbili zibaki nyeusi. Ukiivuta ijaze kioo, nyuso zinapanuka na ile hali ya kubanwa inapotea. Zima mpangilio wa rangi kali na ule wa kulainisha mwendo. Kisha simamisha picha mwanzoni, barabarani, upunguze kontrasti, yaani tofauti ya weusi na weupe, kidogokidogo mpaka mikunjo ya nguo nyeusi ionekane huku mbingu ikibaki ya kijivu. Kijivu hicho ni kazi ya mpigapicha Alfredo Fraile. Mbingu ikiwa nyeupe pe, bado umezidisha.