Barua kwa mwanangu anayetunga dini ya watu wa nyota

Mwanangu mpendwa,

Nimesoma kurasa zote za hadithi yako ulizonitumia, nikafika kwenye swali uliloliandika pembeni kwa penseli: "Mama, mbona Watanzu wangu wana miungu, mahekalu na makuhani, lakini hawaonekani kama watu wanaoamini?" Nilicheka. Umewapa vyombo vyote vya dini, hujawapa shida ya kuwafanya wavishike.

Tuanze na hilo Jua Kuu wanaloliabudu. Watanzu, kwa jinsi ulivyowatunga, wametapakaa kwenye sayari za nyota sabini. Ni jua lipi wanaloliabudu wote? Ukisimama Alpha Centauri, kwa nyota majirani zetu wa karibu kabisa, jua letu ni nyota tu kati ya nyota, inang'aa upande wa kundi la Cassiopeia. Wahenga walisema, "Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua." Methali hiyo ya kundi la nyota la Kilimia ina nguvu kwa sababu msemaji na msikilizaji wanatazama anga moja na wanangoja mvua moja. Watanzu hawana bahati hiyo. Sayari ya Proxima b, iliyoko kwa majirani haohao na iliyotangazwa mwaka 2016, huizunguka nyota yake kwa siku 11 hivi, kwa hiyo mtoto wa kule angetimiza miaka yake 30 kabla wa huku hajamaliza mmoja. Tena huenda upande mmoja wa sayari hiyo umeikabili nyota yake daima. Sasa ile sala ya alfajiri katika sura yako ya tatu wataisali lini?

Kuhusu upande wa kuelekea wakati wa sala, usijisumbue. Hilo limeshawakuta watu wa kweli. Mwaka 2007 mwanaanga Sheikh Muszaphar Shukor wa Malaysia alipokwenda kwenye Kituo cha Kimataifa cha Anga, ambacho huizunguka dunia mara 16 hivi kwa siku, wanazuoni wa nchi yake walimwandalia mwongozo: aelekee Kaaba akiweza, asipoweza, aelekee usawa wa Kaaba huko juu, ikishindikana, aielekee dunia, hilo nalo likishindikana, popote. Naupenda mwongozo huo kwa huruma yake. Lakini angalia, haukuzaa dini mpya, uliiwezesha ya zamani kusafiri. Wewe unatafuta jambo lisilo na mwongozo.

Kwa Watanzu, jambo hilo ni habari kuchelewa.

Nuru hukimbia karibu kilomita 300,000 kwa sekunde na hakuna ujumbe unaoipita, lakini hadi nyota ya jirani inachukua miaka minne na zaidi. Mtu anauliza "Hujambo?" leo, "Sijambo" inamfikia baada ya miaka minane na nusu, na hiyo yenyewe ni sijambo ya miaka minne iliyopita. Huo ni ujumbe. Mwili ndio usiseme: Voyager 1, chombo cha anga kilichorushwa mwaka 1977, kwa mwendo wake kingehitaji zaidi ya miaka 70,000 kukata masafa hayo.

Nikupe kisa ambacho sijawahi kukusimulia. Bibi yako alipofariki nilikuwa mbali, masomoni. Simu ya msiba ilinifikia. Siku tisa baadaye ikaja barua yake, kwa ule mwandiko wake wa kulala, ananiuliza kama nimeshanunua sweta. Nikakaa chini nikaijibu. Jibu zima, kurasa mbili, nikatia kwenye bahasha, nikaandika anwani yake. Nilijua fika kwamba amekufa. Ila barua ilikuwa imenisalimia, na salamu haiachwi ikaning'inia.

Mimi ningeanzia hapo. Watanzu waamini kwamba kifo husafiri. Mtu hafi siku moja. Hufa kwenye kila nyota kwa siku yake, habari inapotua. Kabla haijatua, pale yu hai, anatajwa kama aliye hai, na anayemwita marehemu kabla ya wakati ametenda dhambi. Makuhani wako wavue yale majoho ya dhahabu. Wawe watu wa zamu, wenye macho mekundu, wanaokaa kwenye minara ya kupokea ujumbe, na kosa lao lisilosameheka liwe kuifuta barua ya mtu kwa kuwa mwandishi wake ameshakufa. Mungu wao wamwite Mpokeaji: yule ambaye kwake kila habari imekwisha kufika.

Sikukuu yao pia isiwe na tarehe. Tangu mwaka 1905 Einstein alituonyesha kwamba hakuna "sasa" moja ya ulimwengu mzima, basi waache sherehe itumwe kutoka nyota moja kama wimbi, kila sayari ishangilie inapofikiwa. (Hapa ndipo utakapomweka yule mzee wako mchekeshaji, aliyezaliwa kwenye sayari ya mbali na anayeogopa atakufa kabla sikukuu haijafika. Kwenye rasimu yako hana kazi yoyote.)

Halafu wagombane. Dini isiyo na ugomvi ni ya karatasi. Weka Wangojao, wanaosubiri habari hata miaka ishirini, na Wakadiriaji, wanaopiga hesabu ya umri na kuanza matanga mapema, wasije wakamsalimia maiti. Mpe sura nzima mwanamke ambaye mume wake alihamia nyota ya mbali. Wakadiriaji wanamwambia eda yake imeshakwisha. Wangojao wanamwambia bado ni mke wa mtu. Mnarani kuna ujumbe umeanza kuingia, neno moja moja, na yeye amesimama mlangoni akiwa na mchumba. Usiniulize ujumbe unasemaje, sitaki kujua kabla hujauandika.

Sura ya tatu ifute yote, isipokuwa aya ya mtoto anayeuliza nyota zinalala wapi.

Ile bahasha ya bibi yako bado ninayo, ina stempu yake. Ukija nikumbushe nikuonyeshe. Ila usiifungue.

Mama yako