Kinshasa Itangoja, Siku 30 Hazingoji

Juzi msomaji mmoja wa Ruashi, hapa Lubumbashi, ameniandikia. Kesi ya parsele, yaani kiwanja chake, imemshinda, ameuza friji, sasa anatafuta tiketi ya ndege apeleke mambo Kinshasa, Mahakama ya Kasasioni, ile iliyo juu ya mahakama za rufaa. Nilianza kucheka, nikanyamaza. Friji yangu nami niliiuza hivyohivyo.

Parsele yetu iko Katuba. Baba alituachia livreti ya zamani tu, kile kijitabu cha nyumba. Mtoto wa baba mkubwa akamuuzia mfanyabiashara, na yule akapata sertifika, hati rasmi ya ardhi, haraka kuliko sisi tunavyopata maji. Tukashtaki, tukashindwa. Mama alikaa chini ya mwembe hadi usiku, hakuuliza hata chakula.

Wisie, mjumbe wa mahakama, alipotuletea hukumu, mimi nikaanza kumfuata bwana mmoja aliyesema ana njia Kinshasa. Fotokopi, kredi za simu, bia za Kamalondo, zote kutoka mfukoni mwangu. Siku 22 zikaenda.

Aliyeniamsha ni mama mmoja avoka, wakili. "Baba, rufaa umefanya?" Nikamjibu, kwa kiburi, kwamba rufaa ni ya watu wasiojua wakubwa. Hakukasirika. Akanieleza kwamba Kasasioni haipokei hukumu ambayo bado ina nafasi ya rufaa. Tena kule hawasikilizi mashahidi wala kupima nani alijenga ukuta. Wanaangalia tu kama sheria imefuatwa. Kwenye rufaa kesi yote inafunguliwa upya, na mnabaki nyumbani, isipokuwa hukumu imeamuru itekelezwe papo hapo. Lakini una siku 30 tangu wisie akupe hukumu.

Tulifika kwa karani wa mahakama kukata rufaa siku ya 28. Jasho lile silisahau.

Miezi ya kuahirishwa naiacha, inachosha. Sheria ya ardhi ya 1973, kifungu cha 227, inasema sertifika haigusiki ikishatimiza miaka miwili. Ya yule bwana ilikuwa na miezi 11 tuliposhtaki. Halafu avoka akatoa karatasi ya mauzo ambayo mara ya kwanza hatukuwa nayo: sahihi ya baba, tarehe ya wiki tatu baada ya kumzika. Mwezi uliopita tumeshinda. Mfanyabiashara sasa ananisalimia wa kwanza. Yule ndugu yangu aliyeuza, hata kwenye matanga anageuza uso, na inaniuma kuliko nilivyodhani.

Kwa hiyo ndugu zangu, hesabuni siku. Watu wa Lubumbashi tunapenda mno kumjua mkubwa fulani. Tunaruka ngazi iliyo mbele yetu, halafu tunalia haki imeuzwa. Hesabuni siku! Andika tarehe nyuma ya hukumu yenyewe, mbele ya wisie, kabla hujampigia mtu simu.

Nawe wa Ruashi, umeniandikia kurasa tatu, hadi rangi ya geti umenieleza. Tarehe uliyopokea hukumu hukuiweka. Nitumie hiyo leo.