Ule mwale wa kijani wa Tacita Dean

Uliyeuliza kwa nini Tacita Dean bado anahangaika na mikanda ya filamu wakati simu zipo, we cheki kisa cha filamu yake The Green Ray, ya 2001. Msanii Mwingereza huyu alienda Morombe, magharibi ya Madagaska, akatega kamera ya milimita 16 kusubiri jua lizame baharini, maana hewa ikiwa safi inapinda na kutenganisha rangi za mwanga, kwahiyo ule ukingo wa mwisho wa jua unaweza kutoa kijani, kufumba na kufumbua tu, ukizubaa imekula kwako. Pembeni kulikuwa na watu wawili wanarekodi kwa video, wakairudisha palepale, hola, wakamwambia basi hata wewe hujaona kitu. Sasa mkanda huwezi kuurudisha pale ufukweni, mpaka usafishwe, kwahiyo akaondoka na alichokiona kichwani tu. Uliposafishwa kijani kimo. Filamu nzima dakika mbili na nusu, bahari na jua basi. Mi mara ya kwanza kuitazama nilikuwa napokea chai nikaikosa ile rangi ya kijani, na bado nabishana na mke wangu kama mara ya pili niliiona kweli au nilitaka tu kuiona.