Kuvu yako inakula nini?

Mdogo wangu, umeuliza kuvu ya sayari ya mbali katika hadithi yako, inayoishi miilini mwa watu wa Mbagala, uipe kazi gani katika jamii. Anzia kichuguuni. Mchwa wafugao kuvu huirundikia mabua na miti mikavu iliyopita tumboni mwao. Kuvu huilainisha, nao hula. Ushirika huo una takriban miaka milioni 30, na hakuna anayetoa bure. Amua kwanza yako inakula nini. Mimi ningeilisha ndoto: inamwondolea uchovu mama ntilie wa Kariakoo, anaamka saa tisa usiku akiwa mwepesi, ila haoti tena. Mumewe anaikataa, mwenye nyumba anataka kila mpangaji awe nayo. Ugomvi huo ndio uuandike, tena kwa kirefu.