Eti Tumaini si jina la Kikristo

Swali la leo limetoka kwa mzee mmoja wa Morogoro. Anaandika: “Nimepata mjukuu wa kiume. Wazazi wake wanataka aitwe Gerald. Mimi niliomba aitwe Tumaini, jina la marehemu kaka yangu. Wakanijibu kwamba Tumaini ni jina la nyumbani tu, kanisani panatakiwa jina la Kikristo. Je, Gerald ni jina la Kikristo? Na maana yake ni nini? Mtandaoni nimesoma kwamba ni jina la Kijerumani lenye maana ya ‘mtawala kwa mkuki’.”

Shikamoo mzee wangu, na hongera ya mjukuu. Nianze na Gerald, maana hilo halina kazi kubwa. Limeungwa kwa vipande viwili vya lugha za kale za Kigermaniki: ger, yaani mkuki, na wald, ambacho shina lake ni kutawala. Lakini si la Kijerumani peke yake. Kijerumani, Kiingereza, Kiholanzi na Kiswidi ni ndugu wa tumbo moja, hilo la Kigermaniki, kama walivyo Kisukuma, Kiganda na Kizulu. Anayeliita Gerald jina la Kijerumani ni kama mtu aliyesikia jina la Kisukuma akasema ni la Kizulu, kisa zote ni lugha za Kibantu. Waingereza wenyewe walilipata hasa kwa Wanormani, waliovuka kutoka Ufaransa mwaka 1066 wakizungumza Kifaransa huku bado wanaitana kwa majina ya mababu zao wa Kigermaniki. Na Hans, ambalo kila mtu anaapa kuwa ni la Kijerumani halisi, ni Yohane aliyekatwakatwa, na Yohane ni Kiebrania.

Hiyo “mtawala kwa mkuki” usiishike sana. Wazee wale hawakuwa wanatunga sentensi. Walikuwa na akiba ya vipande, kama vile mkuki, vita, amani, dubu, mbwamwitu, mali na sifa, wakavioanisha, na wakati mwingine kipande kimoja kilitoka kwa baba na kingine kwa mama. Askofu Wulfstan wa Worcester, aliyefariki mwaka 1095, baba yake aliitwa Æthelstan na mama yake Wulfgifu. Mbwamwitu, yaani wulf, kampata kwa mama; jiwe, yaani stan, kalipata kwa baba. Hakuna aliyekusudia kumwita mtoto “mbwamwitu wa jiwe”. Malkia Fredegund wa Wafranki, aliyefariki mwaka 597, alibeba amani na vita katika jina moja. Atakayekutafsiria hilo liwe sentensi yenye akili, mwambie apumzike. Jina la namna hiyo lina asili. Ukitaka maana yake, mtazame mtu aliyepewa.

Sasa nije kwenye linaloniuma, nalo ni hili “jina la Kikristo”.

Miaka kadhaa iliyopita nilimsindikiza binti wa ndugu yangu kwenda kuandikishwa shule. Karani kainamia fomu, kalamu mkononi. “Jina la Kikristo?” Binti akajibu, “Neema.” Karani hakuandika. “Hilo la nyumbani. Nimeuliza la Kikristo.” Mtoto akanitazama, akamtazama mama yake mdogo, na mama mdogo akamnong’oneza: “Sema Hilda.” Akasema Hilda. Kalamu ikashuka, ikaandika Hilda, na Neema likasukumwa kwenye nafasi ya pili. Nilinyamaza siku ile, na mpaka leo najuta kunyamaza.

Tuyapime hayo majina mawili. Neema ni neno tulilolipata kutoka Kiarabu, Waislamu wanaliita mabinti zao na Wakristo vilevile, na hakuna mahubiri ya Kikristo yanayosimama bila neno hilo. Mtume Paulo anafungua barua zake kwa “neema na iwe kwenu”. Hilda ni kipande cha Kigermaniki, hild, maana yake vita. Wapagani wa kaskazini ya Ulaya waliwapa mabinti zao jina hilo kabla hawajasikia habari ya Kristo. Karani yule alikataa neema, akaandika vita, kisha akaiita vita Ukristo.

Najua nitajibiwa: “Lakini Hilda ni mtakatifu!” Ni kweli, na hapo hapo ndipo hoja ya karani inapovunjika. Hilda wa Whitby alizaliwa mwaka 614, katika ukoo wa kifalme wa Northumbria, kaskazini ya Uingereza, wakati ukoo huo bado wa kipagani. Akapewa jina la kwao, Hild. Mwaka 627 mfalme Edwin, ndugu yake, alibatizwa mjini York siku ya Pasaka kwa mkono wa mmisionari Paulinus aliyetoka Roma, na Hild akaipokea imani pamoja naye, msichana wa miaka kumi na mitatu hivi. Paulinus alikuwa na jina la Kirumi. Angeweza kusema, “Hild ni la nyumbani, nipe la Kikristo.” Binti akatoka majini akiwa Hild vilevile, na Edwin akabaki Edwin, jina lililoungwa kwa mali na rafiki. Baadaye Hild akawa mkuu wa monasteri, wafalme wakawa wanamwendea kuomba ushauri, na Beda, mwanahistoria wa Waingereza wa kale, anaandika kwamba wote waliomfahamu walimwita mama. Alipofariki mwaka 680 alikuwa na miaka sitini na sita, na jina lake la vita halijaguswa.

Kwa hiyo Hilda limefika kwenye kalenda ya watakatifu kwa sababu mmisionari alimwachia mtoto wa watu jina la kwao. Sisi tunalitumia kumnyang’anya mtoto wa kwetu la kwao. Hicho ndicho kinachonikera, na sitaacha kukisema.

Na tusidhani habari hizi ni za Ulaya tu. Kizito wa Uganda alikuwa kijana mdogo wakati Karoli Lwanga alipombatiza, siku chache kabla ya wote wawili kuchomwa moto Namugongo tarehe 3 Juni 1886. Jina lake ni la Kiganda. Leo kuna Kizito Dar es Salaam, kuna Kizito Nairobi, na hakuna karani anayewauliza wana jina gani la Kikristo. Huyo Karoli naye amebeba karl ya Kigermaniki, maana yake mwanamume tu.

Kwa Wakatoliki, Sheria ya Kanisa ya mwaka 1983, kanuni ya 855, inawataka wazazi, wasimamizi na paroko waangalie mtoto asipewe jina lililo geni kwa hisia ya Kikristo. Haitaji lugha yoyote. Sijui tumaini litakuwaje geni kwa Mkristo, nalo limo katika zile tatu zinazodumu: imani, tumaini na upendo.

Wenzetu wa Kilimanjaro na Arusha walishaonyesha njia. Wana Elibariki, Elirehema, Eliamani. Wamechukua Eli, yaani Mungu wangu, lile la kilio cha msalabani, wakaliunga na neno la Kiswahili, kipande kwa kipande, kama walivyofanya wale wazee wa mikuki. Kama kuna majina ya Kikristo yaliyotungwa na Wakristo wenyewe kwa imani yao wenyewe, ni hayo. Na bado nimewahi kumsikia mtu akimwambia Elibariki: “Sawa, na la Kikristo ni lipi?”

Kwa upande wa lugha, ninashauri hivi. Jina analopewa mtu akibatizwa liitwe jina la ubatizo, liwe Gerald, liwe Tumaini, liwe Masanja. Kama unachokusudia ni jina lililotoka Ulaya, sema jina la Kizungu, hakuna kosa ndani yake. Fomu ya shule au ya benki haihitaji lolote kati ya hayo; inahitaji jina la kwanza, basi. Maneno “jina la Kikristo” yaachiwe yale ambayo Ukristo umo ndani yake, kama Kristofa, au Elibariki.

Mzee wangu, Gerald ni jina zuri na sina ugomvi nalo. Wazazi wakilipenda, wampe. Ila waseme wamelipenda. Wasiseme Ukristo umewalazimisha. Na siku ya kwenda kuandikisha ubatizo nenda nao, ukae karibu na meza. Wakiulizwa jina la ubatizo, taja la marehemu kaka yako, lote, kwa sauti, na usiondoke mpaka uone limeandikwa.