Kabla Hujashusha Mfuniko wa Piano

Kwa miaka mingi, kila nilipoambiwa kwamba piano yangu inaimeza selo, ile fidla kubwa inayopigwa kwa upinde mpigaji akiwa ameketi, nilikuwa nainuka na kushusha mfuniko. Nikiambiwa tena, nauteremsha mpaka chini. Sauti ilipungua, lakini ilitoka imeziba kama ya mtu anayeongea ndani ya blanketi, na selo bado haikusikika.

Kilichonifungua macho ni trio ya kwanza (muziki wa piano, fidla na selo) ya mtunzi Brahms, ile aliyoiandika mwaka 1854 akiwa na miaka 20, akaja kuipangua na kuiandika upya mwaka 1889. Piano inaanza peke yake, kisha selo inaingia na wimbo. Tulikuwa tumeurudia mwanzo huo mara sita hivi, na kila mara selo ilizama. Mwenzangu wa selo akaweka upinde magotini, akaniomba jambo moja: "Hebu piga mkono wa kulia tu." Nikapiga. Selo ikajaa chumba kizima, na mfuniko ulikuwa wazi wote.

Kosa lilikuwa kwenye mkono wangu wa kushoto. Selo inaimba palepale mkono huo unapofanyia kazi, na besi, yaani noti za chini, ya piano ya leo ni nzito mno. Piano aliyoijua mtunzi Mozart, katika karne ya 18, ilikuwa na oktava tano tu, yaani vibonyezo sitini hivi, fremu yake ya mbao na nyuzi nyembamba, na noti zake za chini zilififia upesi. Yetu ina vibonyezo 88, fremu ya chuma, na nyuzi za besi zilizozungushiwa shaba. Ukiipiga besi iliyoandikiwa piano ya zamani kwa uzito uleule wa mkono wa kulia, unatandika zulia juu ya wenzako. Kwa hiyo siku hizi nikianza utunzi mpya, nafanya mazoezi ya mkono wa kushoto peke yake huku nikiimba sehemu ya selo kwa mdomo. Pale ninaposhindwa kujisikia nikiimba, ndipo ninapojua besi imezidi.

Pedali, kile kikanyagio kinachoacha noti ziendelee kulia, nayo ni hivyohivyo. Nilikuwa naikanyaga kama nipigavyo peke yangu, mguu ukiziba mapengo ambayo vidole vimeshindwa kuyaunganisha. Lakini ukiwa na fidla na selo, mapengo hayo tayari yamejazwa na wao. Jaribu kupiga ukurasa mzima bila pedali kabisa, wenzako wakipiga kama kawaida, halafu irudishe kidogokidogo pale tu unapoikosa. Utashangaa ni mahali pachache kiasi gani.

Sasa nikuonye, kwa sababu hapa mimi mwenyewe nilipotea. Baada ya somo lile nikawa mwoga. Nikapiga kila kitu kwa sauti ya chini, nikidhani huo ndio unyenyekevu, mpaka mpiga fidla akalalamika kwamba hana pa kukanyaga. Alikuwa na haki. Zile tunazoziita sonata za fidla za mtunzi Beethoven, tungo za wapigaji wawili, zilichapishwa kama sonata za piano na fidla, piano ikitajwa kwanza, na ukizifungua noti utaona kwa nini: mara nyingi wazo lenyewe liko mikononi mwako, na fidla ndiyo inayokusindikiza. Besi nyepesi haimaanishi besi legelege. Noti ya chini iwe na mwanzo ulio wazi, kisha iwapishe wengine.

Kuna jambo lingine ambalo ni letu sisi wapiga piano peke yetu. Mpiga fidla ana mstari wake wa noti tu mbele yake. Wewe una mistari ya wote, imepangwa juu ya yako. Usiigeuze kuwa pambo. Mimi huisoma mezani, mbali na piano, nikitafuta nani ana wimbo na nani anavuta pumzi wapi. Mazoezi mengi yanayogeuka kuwa mabishano yangeisha kama mpiga piano angekuwa amesoma kabla ya kuja.

Na utazame upinde wa mpiga selo. Nyundo ya piano ikigonga, sauti imeshatoka. Uzi wa selo, hasa ule wa chini kabisa, unahitaji kitambo kidogo kuamka. Ukisubiri kuisikia umechelewa, na ukihesabu kichwani tu umewahi. Vuta pumzi pamoja na mwenzako, kwa mwendo uleule wa muziki, na mkono utajua.

Trio ile bado tunaipiga. Mwanzoni niko peke yangu, mfuniko umeinuliwa wote. Upinde ukianza kunyanyuka pembeni mwa jicho langu, nautoa uzito kwenye mkono wa kushoto, nauachia wa kulia uendelee kuimba, na selo inaingia.