Munganga wa sindano za Kichina: je, naruhusiwa?

SWALI: Assalamu alaykum sheikh. Nauza vitenge hapa Lubumbashi, nakaa Katuba. Mgongo unaniuma tangu nilipojifungua. Kuna munganga Mkongo aliyesoma China. Anashika kiganja kwa vidole vitatu, anatazama ulimi, anauliza usingizi na hasira zangu, ndipo anachoma sindano nyembamba. Anasema "qi" yangu, yaani nguvu ya uhai inayosemwa kupita mwilini, imeziba. Kanipa unga wa kuchemsha, na anataka niache vidonge vya presha. Ni shirki? Na nikiwa nimefunga?

JIBU: Wa alaykumu salaam, mama. Hapa kwetu neno munganga linabeba daktari na wa miti shamba pamoja, kwa hiyo umefanya vizuri kuuliza.

Sindano si shirki. Mtume (s.a.w.) ametuamrisha tujitibu, kwani Allah hakuweka ugonjwa ila aliuwekea dawa, isipokuwa uzee. Hakusema dawa itoke Madina tu. Artemisinini tunayotibia malaria imetoka kwenye mmea wa dawa za Kichina, na mwanasayansi wa China, Tu Youyou, alipewa tuzo ya Nobel mwaka 2015 kwa kazi hiyo. Hata kuumika tunakokuita hijama, Wachina wanakujua tangu kale.

Hiyo "qi", ikiwa ni namna yake ya kueleza mwili, haikudhuru. Akikutajia jini au nyota yako, toka, hata kama umeshalipa. Huyo ni mpiga ramli.

Mimi naogopa zaidi ule unga. Muulize una nini ndani. Katika dawa za Kichina hutumika gundi ya ngozi ya punda, nyongo ya dubu, hata magamba ya kakakuona. Punda wa kufugwa aliharamishwa na Mtume (s.a.w.) siku ya vita vya Khaybar, basi usinywe gundi yake. Tena, si kila jani ni salama: Brussels, mwanzoni mwa miaka ya 1990, wanawake waliopewa mitishamba ya Kichina ya kupunguza unene waliharibika figo. Akikujibu "ni siri ya mwalimu wangu", mrudishie. Imepokewa kwamba anayejitia utabibu bila kujulikana kwa utabibu hubeba dhamana ya madhara.

Saumu haivunjiki kwa sindano hizo, kwa kuwa haziingizi chakula. Unga unywe baada ya magharibi. Pakiti ya sindano ifunguliwe mbele yako, ufunue pale panapochomwa tu, na mumeo au dada yako awe chumbani.

Vidonge vya presha usiviache. Nenda nao wote, unga na vidonge, kwa daktari aliyekuandikia, na umwambie kila kitu.